Kidole cha Mama Mizani

Ti, ti, ti. Kijiko kiligonga ukingo wa chupa gizani, kabla hata jogoo wa jirani hajakumbuka kazi yake. Mama Mizani alikuwa akikung'uta asali. Asali ya asubuhi ya baridi ina ukaidi wake, haishuki mpaka uibembeleze, na yeye hakutaka kubakiza hata tone, maana yote ilikuwa ya mwanawe.

Chupa ilipojaa aliifunga, akaifuta kwa kitambaa cha maji ya moto, akaivisha soksi kuukuu ili isivunjike njiani. Kisha akaketi kwenye kigoda, mikono mapajani. Siku nyingine za wageni angekuwa ameshatoka. Siku hiyo miguu ilikuwa mizito. Tangu jana alikuwa amesikia habari fulani kutoka juu, na katika mji mzima, yeye peke yake ndiye aliyejua sababu yake.

Kazi yake ilikuwa kupima watu. Alikaa kwenye uwanja wa kapu la kupandishia watu kwa kamba, chini ya Kituo cha Juu, na hakuna mgeni aliyepanda bila kupita kwenye mizani yake.

Zamani uganga ulikuwa ukichunguzwa humu humu mjini, katika jengo lililopakana na soko. Siku moja mtaalamu mmoja alikosea neno moja tu, na milango yote ya mtaa mzima ikawa inafungukia jikoni kwa mjane mmoja mpole, ambaye kwa siku tisa aliwapikia watu asiowajua na hakumfukuza hata mmoja. Baada ya hapo wakubwa wakakubaliana kwamba uganga uchunguzwe mbali na watu, mahali ambapo neno likikosewa litamsumbua ndege tu. Ndipo waganga saba walipoliinua jengo zima la mawe na mbao, vyumba arobaini, na kulifunga hewani kwa maneno. Maneno hayo yalipimwa kwa uzito maalumu, kama gauni linavyoshonwa kwa kipimo cha mtu mmoja. Mtu huyo akinenepa, mshono unaachia. Na wale saba wote walikuwa wameshakufa, wala hakubaki anayejua kushona upya.

Kwa hiyo kila kilichopanda, kitu cha uzito uleule kilishuka. Magunia ya unga yalipopanda, taka na madumu matupu yalishuka. Watafiti wenyewe hawakushuka mpaka miaka kumi ya mkataba iishe, kwa sababu uganga hushika kwenye nywele na nguo kama moshi wa jikoni, na mji ulikuwa haujasahau ile milango. Ndugu zao ndio waliopanda kuwaona, kwa zamu, mara moja kila miezi mitatu. Kila mgeni aliruhusiwa zawadi ya kilo mbili na si zaidi.

Mama Mizani alikuwa na bahati kuliko wote. Mpimaji hupanda na kapu la mwisho la kila siku ya wageni ili ahakiki mizigo ya kushuka, na siku za wageni zilikuwa mbili kwa mwezi. Hivyo alimwona bintiye mara mbili kwa mwezi, wakati wenzake wanahesabu siku tisini kwenye ukuta. Na bahati hiyo ndiyo iliyomponza.

Ilikuwa miaka mitano nyuma. Mama mmoja mwenye mguu mbovu alikuja na blanketi la sufi alilolifuma mwenyewe, maana mwanawe alikuwa amemwandikia kwamba huko juu baridi inaingia mpaka kwenye meno. Blanketi lilizidi kwa kilo moja na nusu. Yule mama hakulia wala hakubembeleza. Alianza tu kulikunja, taratibu, kama mtu anayemkunjia mtoto nguo za kusafiri. Mama Mizani alitazama mikono ile, akakumbuka kwamba yeye jioni hiyo hiyo atakuwa amekaa na bintiye wakicheka, na kidole chake kidogo kikajilaza kwenye mkono wa mizani, upande wa mawe, kama mtu anayejiegemeza tu.

"Sawa," alisema. "Panda."

Baada ya huyo akaja mwingine, na mwingine. Muuzaji mwema sokoni akishajaza kibaba huongeza konzi moja juu yake, na hakuna anayemwita mwizi. Ndivyo alivyojiambia. Kwa bintiye mwenyewe hakuwahi kuongeza hata punje. Hilo aliliona kuwa lingekuwa dhambi.

Alipofika uwanjani kulikuwa kumepambazuka. Fundi Kamba, mzee wa mashine ya kuvutia kapu, alikuwa ameketi juu ya kamba zake akinywa chai kwenye kopo.

"Umechelewa leo, dada. Au na wewe umeshuka mikono thelathini na sita?"

"Wewe mdomo wako ungekuwa unavuta kapu, tungekuwa tunalala mapema," alijibu, lakini hakucheka.

Fundi Kamba alimwonyesha tangazo lililobandikwa mlangoni, akalisoma kwa sauti, maana alipenda sauti yake. "Kituo kimeshuka mikono thelathini na sita kwa mwaka mmoja. Sababu haijulikani. Isipojulikana leo kabla ya jua kutua, ziara zote zitasimama mpaka mikataba iishe, ili kupunguza hatari." Akainua macho. "Binti yako kabakiza miaka mingapi?"

"Minne."

"Minne." Alimmiminia chai kwenye kifuniko cha kopo, akampa. Mtu mwenye maneno mengi anapokuchagulia kunyamaza, huo ni wema.

Mama Mizani alitazama juu. Alipoanza kazi, Kituo kilionekana kama mbegu ya papai. Sasa aliweza kuhesabu madirisha, na chini yake, dobi wa mtaa wa pili alikuwa amehamisha kamba zake mara mbili kwa sababu kivuli kilikuwa kinamfuata na nguo zake hazikauki.

Wageni wakaanza kufika. Wa kwanza alikuwa babu mmoja mwenye koti kubwa, aliyekuwa akitembea kwa kuinama upande mmoja kama mlango uliolegea bawaba.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba, Mama Mizani. Leo niko mwepesi kama unyoya."

Alipoketi kwenye sahani ya mizani, ikashuka kwa kishindo. Babu akatazama mbinguni. Mama Mizani akatazama kidole chake kidogo. Kilikuwa kimeshaanza kwenda chenyewe, kama punda anayejua njia ya nyumbani. Akakikunja, akakificha kiganjani.

"Babu, toa kilichomo."

"Kilichomo wapi?"

"Ndani ya koti."

Babu akatoa pasi ya mkaa, nzito, yenye mpini wa mbao uliochongwa upya. Akaishika kifuani. "Mjukuu wangu huko juu anavaa nguo zenye makunyanzi," alisema. "Kama mtu asiye na kwao."

"Naelewa, babu. Lakini leo haipandi."

"Mara iliyopita kinu kilipanda!"

Watu waliokuwa kwenye foleni wakakohoa, wakatazama viatu vyao. Mama mmoja akamwuliza kwa sauti ya chini, bila hasira, "Leo umeamkaje, mwenzetu? Hatukukuzoea hivi." Mama Mizani alipanga upya mawe ya mizani. Kinu! Na yeye ndiye aliyekipitisha, na mchi wake.

Aliwapima wote kumi na wanne siku hiyo bila kidole. Pembeni ya mashine ya Fundi Kamba kukajengeka kichuguu cha vitu: pasi, sufuria mbili, gunia dogo la chumvi, kioo chenye fremu, jozi ya mabuti. Fundi Kamba alivitazama, akamtazama yeye, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake akauliza swali fupi.

"Miaka mingapi?"

"Mitano."

"Haba na haba," alisema Fundi Kamba, akatikisa kichwa. "Nilikuwa naona kamba inalia, nikadhani ni uzee wake."

"Nivute juu sasa. Nisisubiri kapu la mwisho."

"Watakunyang'anya mizani, dada. Halafu utakuwa kama sisi wengine. Miezi mitatu."

"Nisiposema, itakuwa miaka minne kwa kila mtu. Vuta."

Aliiacha chupa ya asali kwa Fundi Kamba, na kapu likapanda likiyumba. Alikuwa ameshapanda mara nyingi, lakini siku hiyo aliona jinsi safari ilivyofupika.

Mkuu wa Kituo alikuwa kwenye ukumbi na watafiti wake, wamezungukwa na mbao za kuandikia zilizojaa hesabu. Alikuwa mwembamba, mwenye chaki mpaka kwenye nyusi, na macho ya mtu aliyelala vibaya kwa miezi. Binti wa Mama Mizani alikuwa miongoni mwao. Alipomwona mama yake saa zisizo zake alisimama ghafla.

"Mama? Kuna nini nyumbani?"

"Nyumbani salama. Mkuu, naomba niseme jambo."

"Mama Mizani, si sasa. Tumepima upepo, tumepima mwezi, tumepima mwangwi wa waasisi kwenye kuta. Miezi minane! Na jua linatua saa chache zijazo."

"Mmepima chini ya vitanda?"

Mama Mizani akainua mkono wake, akawaonyesha kidole kidogo, akaeleza. Hakujitetea sana. Alisema kuhusu blanketi, na kinu, na jinsi alivyokuwa akiona haya kwamba yeye anamwona wake mara mbili kwa mwezi. "Mkono wa mizani ni mrefu," alimaliza. "Kidole kimoja kinatosha."

Mkuu akachukua chaki, akaandika ubaoni, akafuta, akaandika tena. "Watu arobaini, zamu nne kwa mwaka, miaka mitano... Haiwezekani. Ningeviona. Watafiti wangu ni watu wa vitabu. Hawana vitu."

Hapo watafiti wote arobaini, watu walioweza kuufundisha ukungu kusimama kwenye mstari, wakaanza kutazama dari.

Binti ndiye aliyetangulia. Alitoka, akarudi akivuta sanduku. Ndani yake zilikuwa chupa za asali, tupu, zimeoshwa, zimepangwa kwa soksi zake, zaidi ya mia.

"Wewe si uliniambia zinavunjika!" mama yake alimaka.

"Nilikudanganya. Nikizifungua bado zinanukia jikoni kwetu." Akajifuta pua kwa mkono wa gauni. "Usinigombeze mbele za watu, Mama."

"Nitakugombeza nikipata nguvu."

Basi milango ikaanza kufunguka. Kikatoka kinu, na mchi. Likatoka lile blanketi la sufi, na mengine sita. Kikatoka kiti cha mtoto, mtu mzima akiwa amekikumbatia. Yakatoka mawe ya vizingiti, funguo za nyumba zilizokwisha kubomolewa, birika nne, gurudumu moja la baiskeli. "Lingine bado liko nyumbani," alieleza mwenye gurudumu. "Kaka yangu aliahidi kulileta zamu ijayo." Watu wakacheka, na yeye akacheka, ingawa alikuwa akisema kweli.

Mkuu alisimama katikati akivitazama kwa hasira. Kisha hasira ikamtoka taratibu, kama maji kwenye kitambaa kilichotundikwa. Akaingia chumbani kwake. Walisikia kitu kizito kikiburutwa. Alipotoka alikuwa anasukuma cherehani, ya chuma, ya kukanyaga, na meza yake yote.

Hakuna aliyecheka.

"Ya marehemu mama," alisema. "Mdogo wangu aliileta vipande vipande, kwa miaka miwili. Kichwa. Gurudumu. Miguu. Niliiunganisha mwenyewe." Akapapasa meza ya cherehani, akaacha alama ya chaki. "Nimepima kila kitu humu kwa mikono yangu. Hii sikuipima. Sikuiona kuwa ni mzigo."

"Hata mimi sikuona," alisema Mama Mizani.

Mpaka jioni vitu vilishuka. Mkuu aliamua kila mtu abaki na kimoja kinachoenea kwenye kiganja. Yeye mwenyewe alibakiza kidude cha kuzungushia uzi, akakitia mfukoni. Vingine vyote vilikwenda kapu kwa kapu, na chini Fundi Kamba alivipanga ukutani kila kimoja na jina la mwenyewe kwa mkaa, bila kuambiwa, ili ndugu wajue pa kuvichukua. Kapu la kumi na moja lilipoondoka, masikio ya watu yaliziba na kuzibuka. La ishirini lilipoondoka, ilisikika sauti ya Fundi Kamba kutoka chini, hafifu, akipiga kelele kwamba kamba inamwishia, mnakwenda wapi, ninyi watu!

Kituo kilikuwa kinapanda.

Mkuu alimfuata Mama Mizani penye ukingo, akasimama naye wakitazama mji ukirudi nyuma. "Ziara zitaendelea," alisema. "Mikono mitupu kwa mwaka mzima. Nitamwandikia dobi barua ya kumwomba radhi."

"Ahsante, Mkuu."

"Lakini mizani siwezi kukurudishia."

"Hata mimi nisingejirudishia."

Mkuu akamwinamia kichwa kama mtu anavyomwinamia mama yake, akaenda zake. Mama Mizani alishukuru kwamba hakujaribu kumfariji. Goti lilikuwa linamuuma, na korido ilikuwa imejaa masanduku, hapakuwa hata na pa kuegemea.

"Mama, ingia humu ukae. Humu hakuna msongamano."

Alikuwa kijana wa chumba cha mwisho, mtafiti wa vivuli. Tangu vitu vianze kushuka Mama Mizani alikuwa amemwona akibeba vitu vya wenzake, kinu, kiti, cherehani, upande mzito kila mara. Alimwekea kigoda, akamletea chai kwenye kikombe kizima. Chake kilikuwa kimemeguka, akakigeuza ili mgeni asione. Yeye akaketi sakafuni. Kwenye sinia za bati, kando ya dirisha, vivuli vilikuwa vimetandazwa kama majani ya chai yanayokaushwa.

"Hivi vya nini, mwanangu?"

"Vya miti. Navikuza. Kuna watu wanafanya kazi juani siku nzima, mahali ambapo mti haushiki. Nikifaulu, mtu atakifungua kivuli kama mwavuli."

"Kina uzito gani?"

"Hakina."

"Afadhali wewe."

Wakacheka. Mama Mizani alipoinama kuweka kikombe, aliona chini ya kitanda. Palikuwa pamefagiliwa. Palikuwa na jozi moja ya ndala, basi. Kijana aliona kwamba ameona.

"Mimi mama alifariki nikiwa nimekaa huku miezi mitano," alisema, kwa sauti ya kawaida, kama anayetaja saa. "Na tulikuwa wawili tu. Wewe ulikuwa hujaanza kazi. Zamu zangu zinapita tu."

Mama Mizani hakusema pole upesi. Alimuuliza mama yake alikuwa akifanya kazi gani, akajibiwa kwamba alikuwa fundi wa viatu, akauliza tena, na tena, mpaka kijana akawa anamwonyesha kwa mikono jinsi soli inavyoshonwa, na mama yake alivyokuwa akishika misumari kwa midomo huku akiimba kwa pua. Chai ilipoa. Binti alikuja akachungulia, akaketi mlangoni akasikiliza naye.

Kengele ya kapu la mwisho ilipolia, binti alimshika mama yake mkono mpaka ukingoni. "Siku tisini," alisema.

"Themanini na tisa. Leo imeshakwisha."

"Usianze utani, nitalia."

"Lia. Hapa hakuna anayekupima."

Walikumbatiana sana. Kisha Mama Mizani akaingia kapuni, na mikono yake ilikuwa mitupu, hajui aiweke wapi. Hapo kijana wa vivuli akaja mbio, akiwa bado na kikombe chake kilichomeguka mkononi, akasimama, akaona haya.

"Mama," alisema, "zamu yangu ni wiki mbili zijazo. Nimemuuliza Mkuu. Amesema zamu ni ya mtu, anampa amtakaye." Akakigeuza kikombe. "Binti yako utamwona, chumba chake ni jirani. Lakini sisemi kwa ajili yake. Nasema kwa ajili yangu. Usilete kitu, wala hairuhusiwi. Uje tu ukae kama leo, sijamaliza kukueleza habari za viatu." Kapu lilikuwa limeshaanza kushuka, na ilimbidi ainame kwenye ukingo ili asikike. "Utakuja, Mama? Njoo tena. Tafadhali, njoo tena."